Mlango Uliofungwa kwa Kalamu

Mimi ni mtu wa hasira, tangu utoto, na leo hasira zangu ziko juu yangu mwenyewe, kwa hiyo nikipayuka mnivumilie. Jina langu Dhondiram Khot. Nimepeleka barua za posta hapa Ichalkaranji, mji wa wafumaji nguo huku India, miaka thelathini na minne, kwanza kwa baiskeli, kisha kwa baiskeli ileile iliyopakwa rangi upya. Nikipita, watu hunisalimu na kusema Khot ni mtu mwema. Nami naitikia salamu, naona haya.

Ninayetaka kusimulia habari zake ni Anusaya Lokhande, mjane wa rafiki yangu Vasant. Mwanamke huyu aliendesha mashine nne za kufuma nguo kwa miaka tisa bila mtu wa kumshika mkono, na mimi nikamwangusha kwa maneno mawili niliyoandika juu ya bahasha, tena nikiwa nimekula kwake.

Vasant na mimi tulisoma pamoja tangu darasa la kwanza. Alipooa, Anusaya alikuwa na miaka kumi na tisa, mtoto wa kutoka upande wa Sangola, ambako hakuna mashine hata moja, kuna mbuzi na makomamanga tu. Wiki ya kwanza alitia pamba masikioni kwa sababu ya kelele. Vasant anamwita haitiki, anamwita haitiki, mtaa mzima ukavunjika mbavu. Wiki ya pili akaitoa pamba akasema atazoea, na kweli akazoea. Kwa ule urafiki wetu mimi nikawa shemeji yake, na utani wetu haukuwa na kikomo. Akiniona naingia na mfuko wangu wa barua lazima aulize kama nimeleta fedha au nimeleta tumbo, nami humjibu kwamba vyote viwili ni mali yake. Basi chai inateremka, na mkate wa mtama, na karanga za kutwanga na pilipili.

Vasant alikufa kwa kifua. Miaka ishirini na tano ya vumbi la pamba si mchezo. Waliokuja kutoa pole walikuwa wengi, na baadhi yao, kabla ya kuaga, waliuliza kwa sauti ya huruma kama mashine zitauzwa. Anusaya alikuwa amekaa mkekani, binti yake Rohini, wa darasa la tano wakati huo, amemlalia mapajani. Akawatazama mmoja mmoja. "Aliyefiwa ni mimi," akasema. "Mashine hazijafiwa." Matanga yalipokwisha, siku ya kumi na nne, zamu ya asubuhi ilianza kwa saa yake.

Nilimwona akijifunza kila kitu kwa jasho. Alijifunza kuunga nyuzi zilizokatika bila kusimamisha kazi, kugombana na watu wa umeme, kumnyima punguzo la bei mnunuzi aliyedhani mjane ataogopa. Wafumaji wake wawili walikuwa wanaume waliomzidi umri, na mwanzoni walimwitikia kwa kuvuta maneno. Baada ya mwaka walikuwa wakimwita bosi, nusu utani, kisha utani ukaisha likabaki neno. Hakuwa tajiri. Alikuwa mtu asiyedaiwa na muuza maziwa, na kwa mtaa wetu hiyo ni daraja.

Uzi aliuchukua kwa Appasaheb Magdum, na lazima nieleze jambo hili, maana ndipo kisa kilipo. Kwetu huku uzi hupati kwa maneno matupu. Unachukua uzi kwanza, unafuma, unauza nguo, ndipo unalipa, na hapo katikati unamwachia mwenye uzi cheki uliyoitia sahihi. Haina tarehe, haina kiasi, ina sahihi yako tu. Inakaa kwenye droo yake kama amana, na mapatano ya mdomo ni kwamba haiendi benki mpaka akupigie simu. Nusu ya mji huu ina sahihi zake kwenye droo za watu. Anusaya alitia ya kwake taratibu, jina zima, ulimi ameubana pembeni mwa mdomo, kwa sababu shule aliiacha mapema na sahihi yake aliionea fahari.

Sasa, mtu wa mbali atasema, deni ni deni, utalipa ukipata. Thubutu. Ukidaiwa kwa mdomo una aibu tu. Cheki yako ikienda benki ikarudi kwa kukosa fedha, basi kwa sheria yetu wewe ni mhalifu, na kifungo chake chafika miaka miwili, na faini yaweza kufika maradufu ya cheki yenyewe. Lakini sheria hiyohiyo imeacha upenyo mmoja. Lazima anayekudai akuandikie notisi kwanza, na tangu notisi ikufikie una siku kumi na tano za kulipa. Ukilipa ndani ya siku hizo, yamekwisha, hakuna kesi wala hakimu. Siku kumi na tano hizo ni roho ya mtu, na aliyezibeba kwenye mfuko wake ni mimi.

Nije basi kwangu. Barua ya rejista lazima mwenyewe aipokee kwa sahihi. Usipomkuta, unaandika sababu juu ya bahasha: mlango umefungwa, amehama, hayupo. Inakaa ofisini siku saba kisha inarudi kwa aliyeituma. Mtaani kwetu bahasha yenye muhuri wa wakili iliogopwa kuliko nyoka, na watu walinifahamu. Khot, andika sipo. Nami naandika. Mujawar fundi cherehani nilimwandikia "amehama" huku akiwa amepiga magoti ananipima suruali. Sikuchukua hata rupia moja kwa kazi hiyo, na hilo ndilo lililonipa kiburi. Nilijiona kinga ya maskini, wakili asiye na joho. Sote tuliamini kwamba barua usiyoipokea haijakufika, na hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kumuuliza mtu aliyesoma sheria. Ujinga wa mtu mmoja una nafuu, lakini ule wa mtaa mzima hugeuka kuwa hekima.

Mwaka wa kisa hiki, wakati wa Diwali, sikukuu yetu ya taa ya mwisho wa mwaka, Anusaya alikuwa na deni la uzi la rupia laki moja na elfu themanini. Alikwenda mwenyewe kwa Magdum kumwomba muda. Magdum si mtu mbaya, nisimsingizie. Alimpa chai akamwambia asihangaike, amalize mpaka Holi, yaani mwezi wa tatu. Anusaya akarudi amefurahi. Hesabu yake ilikuwa wazi: Januari ni zamu yake ya upatu, atapata laki mbili, nusu alipe karo ya Rohini, aliyekuwa mwaka wa kwanza wa uuguzi Kolhapur, na nusu anunue mashine ya tano. Mashine tano zikifuma miezi miwili, Magdum atalipwa Holi bila kugusa mtaji.

Januari bei ya nguo ikaanguka. Viwanda vya uzi vikambana Magdum, na Magdum akabanwa mpaka akafungua droo. Alimwambia karani wake atoe cheki zote, thelathini na kitu, azijaze, azipeleke benki siku moja. Hakumpigia simu mtu. Zikarudi karibu zote, na wakili wake akaandika notisi kwa wote. Benki ilimtumia Anusaya ujumbe, ndiyo, lakini namba iliyoandikwa kwenye akaunti ile ilikuwa ya marehemu Vasant, laini iliyokwisha kufa kama mwenyewe. Waliopata notisi mitaa mingine walilia, wakauza vidani na bangili, wakakimbia kulipa ndani ya siku kumi na tano, na kila mmoja akaificha yake kwa aibu. Ndiyo maana mtaa wetu haukusikia kitu.

Notisi ya Anusaya niliipata asubuhi kwenye fungu langu. Bahasha ndefu, muhuri wa wakili, na chini yake jina la Magdum. Nilijua ni ya cheki. Haki ya Mungu nilijua, sitaki kujificha nyuma ya ujinga hata kidogo. Nilichokuwa sijui ni zile siku kumi na tano. Nikaitia mfukoni nikaenda zangu.

Ilikuwa wiki ya Sankranti, sikukuu yetu ya katikati ya Januari, na nilipofika kwake nikakuta viatu vya kike vimejaa kibarazani. Siku hiyohiyo upatu ulikuwa umemwangukia. Wanawake kumi na wawili wamekaa ndani, wamepakana manjano na wekundu kwenye paji la uso, wanacheka mpaka nje. Rohini alikuwa amekuja likizo. Anusaya akanitokea na sahani ya vitonge vya ufuta na sukari guru, akaniambia maneno tunayoambiana wote siku hizo, kwamba nipokee utamu na niseme matamu. Akanivuta pembeni kunionyesha mkebe. Laki mbili ilikuwa humo, amezifunga kwa mpira wa nywele wa Rohini.

Aliniambia kwamba kesho yake anakwenda kulipia mashine ya tano. Nikamuuliza, kama mzaha, je na Magdum? Akasema Magdum amempa hadi Holi, moyo wake umetulia. Alikuwa na uso ambao sikuwa nimeuona tangu Vasant yuko hai.

Nikatia kitonge cha ufuta mdomoni. Barua ilikuwa kwenye mfuko, imenigusa nyonga. Laki moja na elfu themanini iko hapo mezani ndani ya mkebe, na anayedaiwa yuko mbele yangu, na barua inayodai ninayo. Mtu mwenye akili ya kuku angeitoa. Mimi nikajiambia leo si siku yake, mwache afurahi, na bahasha ikirudi Magdum atapoa, na mashine itanunuliwa. Nilidhani namlinda. Nikanywa chai, nikawabariki wale wanawake, nikatoka, na kwenye kona, juu ya tandiko la baiskeli, nikaandika: Mlango umefungwa. Nikatia tarehe na jina langu.

Baada ya siku saba bahasha ikarudi kwa wakili. Mashine ya tano ikafungwa pale kwake, na karo ikalipwa. Nilipita mara nyingi wiki zile, na kila nikipita alinionyesha mashine mpya kana kwamba sijaiona jana, nami naipigapiga ubavu kama ng'ombe wa maonyesho. Nilifurahi naye kweli. Hilo ndilo linaloniuma zaidi kuliko mengine.

Mwezi wa tatu, kabla ya Holi, askari polisi alimletea samansi. Anusaya alikuja mbio mpaka posta, nywele hazijafungwa, karatasi mkononi, akinitaka nimsomee ili ajue ni kosa. Nilisoma. Ilisema cheki imerudi, notisi imepelekwa kwa anuani yake, mlango ulikutwa umefungwa, siku kumi na tano zimepita, na sasa afike mahakamani kama mshtakiwa. Aliniuliza mlango gani uliofungwa, kwani kwake zamu mbili, mlango unafungwa lini? Nikamwambia labda karani wa ofisi amekosea. Uongo wangu wa kwanza kwake ulitoka laini kama siagi.

Alimpata wakili kijana, Sutar, mtu mwenye maneno machache. Sutar alimweleza jambo ambalo mimi, nikiwa nimekaa hapohapo kama rafiki wa familia, lilinitoa jasho. Kwa sheria, barua ikienda kwa anuani sahihi ikarudi imeandikwa mlango umefungwa, au amekataa, inahesabiwa imefika. Imefika kabisa, kana kwamba ameisaini. Kwa hiyo wote niliowaandikia hayupo miaka yote ile, sikuwa nimewaficha, nilikuwa nimewaziba macho tu na kuwaacha barabarani. Sutar akasema bado kuna mwanya: akilipa zote ndani ya siku kumi na tano tangu samansi, hakimu huenda akaifuta kesi, maana atasema notisi hakuipata.

Alihangaika siku zile kama mtu anayezima moto kwa viganja. Aliyemuuzia mashine ya tano alisema angeichukua tena kwa nusu ya bei tu. Chuo kilisema karo hairudishwi. Bangili zake alikwisha kuziuza tangu ugonjwa wa Vasant. Siku ya kumi na tano, hata akihesabu na hiyo bei ya mashine aliyoahidiwa, alikuwa na elfu tisini na tatu, na wakili wa Magdum akasema hawapokei nusu. Mimi nilimkopesha elfu kumi, na akanishukuru mpaka nikatamani ardhi inimeze.

Kesi yenyewe ilivutwa mwaka na zaidi, kama kesi zetu zote. Tarehe, tarehe, tarehe. Kila tarehe anaacha mashine, anavaa sari yake ya kijani, anakwenda kukaa kwenye benchi pamoja na wezi wa pikipiki. Mtaani wakaanza kumwita mwanamke wa cheki. Mmoja wa wale walioulizia mashine siku ya matanga alipita akaniambia, kwa furaha asiyoificha, kwamba alijua tu biashara itamshinda. Nilimtukana tusi ambalo siwezi kuliandika hapa. Lakini kumtukana yule ilikuwa rahisi, maana sikuhitaji kumwambia nani aliyemwangusha.

Kwa kuwa Sutar alishikilia kwamba notisi haikufika, wakili wa Magdum aliniita mimi shahidi. Bwana posta wangu akaniita ofisini kwake kabla ya siku hiyo, akafunga mlango. Hakuniuliza ukweli, akili yake ilimtosha. Alinikumbusha tu kwamba mpeleka barua akithibitika ameandika uongo juu ya rejista, kazi imekwenda na pensheni imekwenda nayo. Nilikuwa nimebakiza miezi kumi na minne. Nyumba yangu ina mkopo, na mke wangu Shevanta ana sukari. Sikumwambia Shevanta kitu, nikijua angesema niseme kweli.

Siku ya ushahidi niliapa kwa jina la Mungu. Hakimu, mama mmoja mwenye miwani minene, akanipitishia bahasha. Akauliza kama hayo ni maandishi yangu. Nikasema ni yangu. Akauliza kama tarehe hiyo nilikwenda nyumbani kwa mshtakiwa. Nikasema nilikwenda. "Na mlango ulikuwaje?"

"Ulikuwa umefungwa, mheshimiwa."

Bahasha ikapita mkononi mwa Sutar, na Sutar akamwonyesha Anusaya. Nilimwona akiisoma tarehe. Midomo yake ilitikisika kama anahesabu, kisha akanyanyua macho akanitazama, na nikajua amekumbuka. Akamnong'oneza Sutar. Kwa jinsi Sutar alivyoruka kwenye kiti nikajua amemwambia kila kitu, ufuta, chai, upatu. Wanawake kumi na wawili walikuwa mashahidi wa siku ile, na wanne kati yao walikuwa nje kwenye benchi, wamekuja kumsindikiza. Sutar alisimama kuniuliza maswali akiwa na uso wa paka aliyeona panya.

Anusaya akamshika mkono wa joho. Wakabishana kwa sauti ya chini, Sutar anatikisa kichwa, yeye anatikisa cha kwake. Nilisikia neno moja tu kutoka kwake: "Mwache." Hakimu akauliza kama kuna maswali. Sutar alikaa chini kwa kishindo, akasema hana.

Nilishuka kizimbani nikapita mbele ya Anusaya nikitazama sakafu.

Alihukumiwa miezi mitatu na fidia ya laki mbili na elfu arubaini. Sutar aliomba kifungo kisitishwe wakitayarisha rufaa, na hakimu akampa siku thelathini. Siku thelathini hizo zilikuwa za Anusaya, lakini zilikuwa zangu pia, maana kiapo kingine kutoka kwangu kingeweza kubadilisha mambo. Mara mbili nilipanda ngazi za ofisi ya Sutar. Mara ya kwanza nilikuta watu wengi, nikajipa sababu. Mara ya pili hakukuwa na mtu, Sutar alikuwa peke yake anakula, nikamtakia chakula chema nikashuka. Kikulacho ki nguoni mwako, walisema wazee, ila hawakusema kikulacho nacho hulala macho.

Anusaya hakungoja siku ziishe. Aliuza mashine zote tano, nne za Vasant na moja ya kwake, akamlipa Magdum, wakapatana mbele ya mahakama na kifungo kikafutwa. Nasikia Magdum alitokwa na machozi akitia sahihi, na sishangai. Yeye alipata fedha zake. Rohini aliacha uuguzi mwaka wa pili, akarudi kuuza dawa kwenye duka la mtu. Na Anusaya akaenda kufanya kazi ya kukunja uzi kwenye karakana ya mwenzake, kwa mshahara wa kila wiki, akisimamiwa na mmoja wa wafumaji wake wa zamani.

Mimi niliomba nibadilishiwe njia, nikapewa upande wa stendi. Nilimaliza miezi yangu iliyobaki bila kupita mtaa ule. Siku ya kustaafu nilivishwa shada la maua, nikapewa nazi na shali, na bwana posta akasema mbele ya watu kwamba Khot hajapoteza barua hata moja. Watu wakapiga makofi. Niliporudi nyumbani Shevanta alinikuta nimekaa bafuni na shada shingoni.

Nilingoja pensheni ya kwanza, ikaja. Nikangoja ya pili. Mwezi wa sita tangu nistaafu, mchana wa Jumanne, wakati wa mapumziko ya chakula, nilikwenda kwenye karakana ile. Alikuwa amekaa nje ukutani, anakula mkate wa mtama kutoka kwenye kitambaa. Amekonda, nywele zimeingia mvi mbele. Aliponiona alisogea akanipa nafasi, akakata nusu ya mkate akanipa. Sikuweza kuutia mdomoni.

Nilisema yote. Nilianza na asubuhi ile posta nikamaliza na kizimbani, na nilipofika kwenye mkebe wa laki mbili nililia, mzee mzima, barabarani. Hakunikatiza. Alipomaliza kutafuna akafuta vidole.

"Nilijua tangu pale mahakamani, shemeji. Tarehe ile nitaisahauje? Ulikula ufuta wangu."

Nikamuuliza kwa nini basi alimzuia Sutar.

"Sutar mwenyewe hakuwa na hakika kama tungeshinda. Na wewe ulikuwa na hiyo miezi yako kumi na minne, mji mzima ulijua, ulikuwa unaihesabu kwa sauti. Nikasema, ya nini tuzame wote wawili. Nikajua utakuja jioni uniambie mwenyewe." Alikuwa akisema bila hasira, akikunja kitambaa chake. "Nikateleka chai. Hukuja. Kesho yake nikateleka tena. Nilikuwa nimeshakusamehe, unajua? Maneno nilikuwa nayo, nimeyapanga. Siku thelathini zile kila mtu akibisha nasema ni huyo. Mwezi ukapita, na mwaka ukapita."

"Nimekuja sasa," nikasema.

"Umekuja pensheni ikiwa imeshatoka."

Nikafungua mdomo kumwambia kwamba nusu ya pensheni hiyo ni yake, kila mwezi, mpaka nife. Nilikuwa nimekuja nalo hilo, nimelihesabu usiku na mchana, na bahasha ya mwezi huo nilikuwa nayo kwenye mfuko wa shati. Akaiona. Akaniwekea kiganja juu ya mfuko, taratibu, akaizuia humohumo kabla sijaitoa.

Aliniambia niyatafute yale maneno yake aliyokuwa ameyapanga, maana yeye sasa ameyatafuta na hayaoni. Siku akiyapata ataniita. Kisha king'ora cha zamu kikalia. Akajifunga kitambaa puani, akachukua nusu ya mkate niliyokuwa nimeishika, akaifunga pamoja na yake kwa ajili ya jioni, akaingia ndani. Mashine zikawaka zote kwa pamoja, na hata kama ningesema kitu asingenisikia.